Uso Niliouchora Kwenye Kioo

Kosa nitakalolieleza ni la kujitosha: mtu kuamini kwamba kazi yake haihitaji jicho la mwingine. Kosa hilo lilikuwa langu.

Zama za Wadachi nilikuwa na taa ya picha, ile inayotupa kwenye shuka picha zilizochorwa kwenye vioo, niliyoinunua kwa mfanyabiashara aliyehama Chole. Hadithi nilizitunga mwenyewe, picha zake nikazichora kwenye vioo. Taa niliiwasha mimi, ngoma nikaipiga mimi, na msimulizi nilikuwa mimi. Mama aliponiomba nimwonyeshe vioo kabla ya watu kuviona, nilimjibu, "Mama, kazi hii naijua."

Alasiri moja nilifunga madirisha ya ghala la mbata, zile nazi zilizokaushwa, kule Baleni, nikatundika shuka nyeupe. Wakwe watarajiwa wa dada yangu walikuja wote, bwana harusi akiwa mbele. Dada yangu alikuwa mwari, amewekwa ndani akisubiri ndoa. Hakuna mwanamume wa nje aliyeruhusiwa kumwona. Nami, kwa kukosa sura nyingine ya kuiga, malkia wa hadithi yangu nilimpa sura yake, pamoja na baka dogo chini ya jicho.

Malkia alipotokea kwenye shuka, shangazi yake bwana harusi aliruka.

"Huyu si mwari wetu? Kaanikwa mbele ya wanaume kama nazi!"

Mikono yangu ilikuwa kwenye ngoma, na penye taa hapakuwa na mtu wa kukichomoa kioo. Bwana harusi akasimama.

"Shemeji," alisema taratibu, "uso wa mke wangu umewagawia watu?"

Baba yake alikwisha kuichukua bakora yake. Niliiona ndoa ya dada yangu ikitoka mlangoni pamoja nao.

Ndipo bibi kizee mmoja alipoinuka upande wa wanawake, akajikongoja hadi mbele ya shuka. Picha yote ikamwangukia yeye, ikapindapinda kwenye makunyanzi na leso yake.

"Mume wangu, unakwenda wapi?" alimwambia kijana, kwa utani wa bibi na mjukuu. "Mkeo ni mimi hapa. Au leo ndiyo umeniona mzee?"

Mtu mmoja alicheka, kisha ghala zima. Bwana harusi alijaribu kununa, akashindwa.

"Bibi, kaa chini, utaanguka."

"Nianguke, upate kuoa mwingine?"

Nikakimbilia taa, nikakichomoa kioo na kukiponda kwa kisigino mbele ya macho yao, nikamwomba radhi baba wa bwana harusi. Akaiweka bakora chini, akakaa.

Ndoa ilifungwa kwa siku yake. Mimi niliendelea na kazi ile miaka mingi, na watu waliponisifu kwa kujua kila kitu, niliwatajia aliyeniokoa siku nilipoamini hivyo: bibi yake bwana harusi.