Tarumbeta la Isidori Lisilojua Maji

"Tarumbeta hili halijaguswa na maji tangu nilinunue, na ndiyo maana linaimba."

Isidori aliyasema hayo kwenye maiki, kwenye harusi ya watu pale Gerezani, mbele ya wageni walioshiba pilau na wasio na haraka ya kwenda popote. Mshereheshaji alimpa maiki ataje jina la bendi tu. Yeye akaendelea. Binti yake Leticia akiolewa, alisema, atamsindikiza akipuliza kutoka mlangoni kwao Ilala mpaka kanisani Msimbazi bila kushusha tarumbeta mdomoni, na anayebisha aje na lake. Hakuja mtu. Vigelegele vikapigwa, na Isidori akakohoa kidogo, kwa adabu, ndani ya leso.

Kupuliza alijifunza kwenye bendi ya parokia kule Masasi, akaja nako Bongo akiwa kijana mwembamba. Tangu hapo kazi yake ni kusimama nyuma ya kirikuu, kile kigari kidogo cha mizigo, na kuwasindikiza maharusi wa dini zote kupita Kariakoo, mpaka wauza soksi wanaacha meza zao na kucheza. Na wapuliza tarumbeta wa aina yake wana imani moja: ukiliosha, unalitoa sauti. Yale yaliyoganda ndani si mate. Ni uzoefu.

Kikohozi kilianza kama cha kila mtu, kisha kikapata ratiba. Jumamosi harusi. Jumamosi usiku homa, na kifua kinabana kama shati la kipaimara. Jumatatu anahema akifunga kamba za viatu. Alhamisi amepona, anataniana na watu, na Jumamosi huyo tena juu ya kirikuu. Majirani walisema TB. Akapimwa makohozi, TB hakuna. Hafidhi, mpiga dramu wake, mtu mwenye maoni kuhusu kila kitu isipokuwa mapigo ya dramu, alikuwa na jibu lake.

"Ni wale wa bendi ya Buguruni, mzee. Wamekutupia kitu."

"Kitu gani hicho kinachopona Alhamisi?"

"Wachawi nao wana siku za mapumziko."

Mwaka huo Kwaresima na Ramadhani zikaangukiana. Mkristo haoi, Mwislamu haoi, tarumbeta likaning'inia msumarini likiwatazama. Kikohozi kikatoweka. Isidori akasema ni baraka za kufunga, ingawa Agnesi, mkewe, aliyekaanga vitumbua barazani kila asubuhi, alijua vinavyopungua vinapungulia wapi. Pasaka ikaja, Idi ikaja, ndoa zikafumuka, na Jumamosi ya kwanza tu Isidori alirudi nyumbani akiwa ameshikwa mabega na Hafidhi kama bibi harusi wa pili.

Agnesi alimpa maji.

"Baba Leti, kikohozi chako kinafunga Kwaresima na Ramadhani."

"Maana yake nini?"

"Maana yake chakula chake ni harusi. Na ya mwanao ipo mwezi ujao. Kesho tunaenda hospitali, na hilo tarumbeta nalo linakuja."

"Linaumwa?"

"Ndicho tutakachokwenda kuuliza."

Hospitali walimkuta Dokta Anjana, Mhindi mzaliwa wa Kisutu, ambaye Kiswahili chake kingeweza kuuza mitumba. Alitazama picha ya kifua, akasikiliza mgongo, akauliza kile kitu cha kung'aa kimekuja kufanya nini. Agnesi akaeleza habari za Jumamosi na Alhamisi.

"Huwa mnaliosha?"

"Halijawahi," alisema Isidori, kwa sauti ile ile ya Gerezani.

Daktari akachungulia ndani, akarudisha kichwa haraka. Akapitisha pamba kwenye bomba, ikatoka ya kijani. Akaipeleka maabara, na baada ya siku kadhaa akawaita.

"Mzee, una fangasi."

Isidori akatazama viatu vyake.

"Siyo wa miguuni. Fangasi wa mapafu. Ile kuvu ya kwenye mkate uliolala na ukuta wenye unyevu. Mbegu zake ni vumbi jepesi, zinaruka hewani, hata mimi hapa nazivuta na kifua changu kinazimaliza. Wewe umezifuga. Umezipa nyumba ya giza na maji ya kunywa, halafu kila ukivuta pumzi mdomo ukiwa palepale, unajimiminia."

"Kwa hiyo niache kazi?"

"Meza vidonge hivi, pumzika mpaka nikuone tena, na liosheni. Kama haoshi, Mama, litundikeni moja kwa moja. Kifua kikikakamaa hakuna wa kukiosha."

Hafidhi alipopewa habari alishika mdomo. "Fangasi, mzee? Kwa umri huo?"

"Wa mapafu, Hafidhi," alisema Agnesi.

"Hata hivyo."

Isidori alimeza vidonge bila ubishi. Kilichomkaba ni maji. Siku kadhaa alilipangusa tarumbeta kwa nje tu, likang'aa, naye akijua kabisa anamdanganya nani.

"Nikiliosha likafa," alimwambia Leticia, "utatoka nyumbani kimya kimya kama mpangaji anayekimbia kodi. Na nilishatangaza."

Leticia alikuwa akijaribu viatu vya harusi. Hakuinua kichwa. "Baba, tarumbeta tutakodi. Baba wa kunishika mkono kanisani anakodishwa wapi?"

Hapo Isidori akaenda uani mwenyewe, akaomba beseni.

Wapangaji wote walitoka kutazama. Agnesi alileta sabuni ya unga na brashi ya kuoshea chupa ya mtoto, aliyoinunua asubuhi Mtaa wa Kongo, Kariakoo. Hafidhi akaifunga kwenye waya wa breki ya baiskeli ili ipite kwenye kona za bomba. Maji ya kwanza yalitoka kama mchicha uliosahauliwa. Ya pili yakatoka na tope, na juu ya tope punje ya wali.

"Hiyo ni harusi ya Magomeni," alisema Hafidhi. "Namkumbuka hata mpishi."

"Wale si walishaachana?" akauliza mpangaji mmoja.

"Wana wajukuu."

Daktari aliporuhusu, Isidori alipuliza. Ikatoka sauti safi, nyembamba, ya kijana asiyemjua. Akashusha tarumbeta, macho yamejaa machozi.

"Si yangu hii."

Hafidhi alikuwa ameinamisha kichwa. "Mzee, kumbe lile pigo la tatu la wimbo wa bibi harusi huwa unaliruka."

"Sijaliruka."

"Umeliruka miaka yote. Uchafu ulikuwa unakufichia."

Mpaka Jumamosi ya harusi, nyumba nzima ilishalijua pigo la tatu. Isidori alilifanya asubuhi na jioni, kidogo kidogo kama alivyoelekezwa, na kila alipomaliza brashi ilipita.

Siku yenyewe alipanda kirikuu mlangoni Ilala na kumtoa binti yake kwa sauti iliyofika mpaka ng'ambo ya barabara. Kwenye mataa ya Kariakoo kifua kikamkumbusha umri. Leticia akatoa mkono dirishani mwa gari na kuushusha taratibu: pumzika, baba. Isidori akashusha tarumbeta mdomoni, mbele ya Kariakoo nzima, Hafidhi akijaza pengo kwa dramu na furaha isiyofichika. Taa ilipowaka kijani alilipandisha tena. Msimbazi alifika akipuliza, akamshika Leticia mkono, na usiku huo hakukohoa.

Ukumbini mshereheshaji, aliyekuwa yule yule wa Gerezani, akamletea maiki.

"Mzee Isi, tarumbeta leo limezaliwa upya. Siri ni nini, maana ulituambia halijui maji?"

Ukumbi ukangoja majigambo. Isidori akatia mkono mfuko wa koti, akatoa brashi, akainyanyua juu watu waione.

"Mtaa wa Kongo," alisema. "Shilingi elfu mbili."