Nilivyomuuza Baba Mkwe Pamoja na Konsoli

Kuna watu hapa kwetu Katuba, Lubumbashi, ambao mpaka leo wakinikuta njiani hawasemi jambo, wananyoosha tu mikono juu kama kipa aliyepitwa na mpira, halafu wanacheka mpaka wanashika ukuta, na mimi ninacheka nao kwa sababu nifanye nini sasa, aibu ile niliitafuta mwenyewe, nikaifunga vizuri ndani ya mfuko na kumkabidhi mtu kwa mikono miwili nikisema asante.

Mimi ni mtu wa nyumbani, niseme mapema. Ninauza unité za simu, yaani vocha, kupitia dirisha la chumba changu (dirisha, si duka, kwa sababu duka lingenilazimisha kutoka), na wateja wakipungua ninageuza kiti tu, ninashika maneti ya konsoli, kile kidude cha vitufe, na kucheza mpira wa kwenye televisheni mpaka umeme ukatike. Marafiki wananiambia ninaoza humo ndani kama muhogo uliosahaulika kwenye ndoo. Hao hao wanakuja kila siku kuchaji simu zao kwangu, sijui kwa nini wanachaji kwa muhogo.

Sasa mtu wa nyumbani naye anapenda, na mimi nilimpenda Beatrice, na Beatrice ana baba. Papa Kalenga ni mstaafu wa reli, mwana wa mtu wa reli aliyeshuka zamani kutoka upande wa Mitwaba, mkubwa wa akina baba wote wa parokia, na akitembea unasikia ardhi inajiandaa. Alikuwa na swali moja tu juu yangu, na alilirudia kila mara jina langu lilipotajwa mezani kwake: "Huyu kijana, mbele ya mahari, mbele ya yote, aniambie kitu moja. Anafanyaka nini mu nyumba siku muzima?"

"Anatumika, papa," Beatrice alikuwa anajibu, yaani ninafanya kazi.

"Anatumika nini na mapazia yenye kufungwa?"

Siku ya présentation ilikuwa inakaribia, siku ambayo familia yangu ingeenda kujitambulisha rasmi kwao, na bila ndiyo ya Papa Kalenga hakuna ndoa, imekwisha. Beatrice akaja dirishani kama mteja, akaegemea, akanishushia sauti: "Uuzishe ile mashine. Papa akituma muntu hapa akukute na maneti mu mikono, tumekufa. Na mbele ya kuuza, ufute yote yenye iko ndani. Unasikia? Yote."

Nikasema nimesikia.

Hapa lazima niwaeleze kilichokuwa ndani. Ule mchezo unakuruhusu kuunda timu yako mwenyewe, unachagua sura, unachagua mwili, unaandika majina. Na mimi, jioni za mvua, mtu mwenye mapenzi na asiye na kazi nyingi, nilikuwa nimeunda FC Bukwe, yaani timu ya wakwe. Golini nilimweka Papa Kalenga, tumbo nimelivuta mpaka mashine ikakataa kuongeza, upara unang'aa, kasi ile ya chini kabisa, jezi ya pinki. Beki wa kati alikuwa Mama Kalenga, kwa sababu nyumbani kwao hakuna kinachopita bila yeye kujua, na mashine haikuwa na umbo la mama, kwa hiyo nilimpanua kiuno kwa kadiri ya uwezo wangu. Na kapteni, namba kumi, mrefu kama nguzo ya umeme, kifua cha mbebaji mizigo, nywele za dhahabu mpaka mabegani (msiniulize), alikuwa mimi. Mimi ambaye nikivaa viatu vyangu vizuri ninafika kwenye sikio la Beatrice.

Mnunuzi alipatikana haraka. Ni Monsieur Kambale, mtu wa Butembo, anauza sukari na unga kwa jumla karibu na kanisa letu, mtu mwema, lakini kwenye biashara anakukamua mpaka unajihisi kitambaa. Tulielewana bei. Nikashika konsoli niende kwenye ukurasa wa kufuta, na kidole kilikuwa tayari juu ya kitufe, kabisa, naapa, ndipo akauliza:

"Bon. Na matabishi yangu iko wapi?"

Kwetu mtu hanunui hata unga wa bukari, ugali wetu, bila kuongezewa kidogo juu, hiyo ndiyo matabishi, na muuzaji asiyetoa ni mchawi. Kambale akanyoosha kidole kwenye maneti yangu ya pili. Nikaikumbatia. Ile maneti tumelia pamoja, nisingeitoa. Lakini mtu kama Kambale huwezi kumwacha mikono mitupu, kwa hiyo nikasema, na hapa ndipo nilipojichimbia shimo:

"Nakuachia kumbukumbu yote, patron. Ligi zote zimefunguliwa, viwanja vyote. Ningefuta, mungeanza zero."

"Aaah, usifute!" akashika mkono wangu. "Usifute hata kidogo! Hapo umenipa kintu."

Nikaona nimekuwa mjanja. FC Bukwe nilifikiri ingebaki imejificha chini kabisa, nyuma ya timu zote za dunia, nani angeshuka mpaka kule kuitafuta?

Jumapili iliyofuata parokia ilikuwa na kermesse, sherehe ya kuchangisha pesa za paa jipya. Beatrice akanitoa nyumbani kwa nguvu, nimevaa shati la kitenge lililopigwa pasi mpaka linasimama lenyewe, ili baba yake anione juani kama binadamu wengine. Papa Kalenga alikuwa ameketi mbele ukumbini karibu na padri, Mama Kalenga pembeni yake, na nilipomsalimia alinipa vidole viwili. Beatrice akaninong'oneza kwamba hayo ni maendeleo.

Ndipo Kambale akashika mikro. Akasema amewaletea waumini surprise, vijana watashindana mpira wa televisheni, picha ikirushwa na projekta kwenye shuka kubwa ukutani, na kila anayecheza anatoa kidogo kwa ajili ya paa. Nikatazama meza. Konsoli yangu! "Mashine nilinunua kwa kijana yetu wa unité, ule pale! Tumupigie makofi!" Watu wakapiga makofi, na mimi, mjinga, nikasimama nikapunga mkono.

Bado nilikuwa nimesimama wakati shuka ilipowaka. Nilikuwa nimesahau jambo dogo: ile mashine ukiiwasha inaanza na timu unayoipenda zaidi. Herufi kubwa zikatokea, FC BUKWE, na bila kuchelewa mpira ukaanza, na kamera ikamwendea kipa polepole kama inamwonea huruma, tumbo kwanza, halafu upara, halafu jina mgongoni: KALENGA.

Halafu mama mmoja wa kwaya akasema, tena kwa sauti ya kwanza, ile ya juu:

"Eh! Ile kichwa tunaijuaka!"

Mpira wa kwanza ukaja taratibu, hata bibi yangu angeudaka, na Papa Kalenga wa kwenye shuka akaanguka upande wa pili kama gunia la makaa. Goli. Watu wakafa kwa kicheko. "Papa Kalenga, ruka!" "Muache, ataruka Pasaka!" Simu zote juu zinapiga video. Papa Kalenga wa kwenye kiti hakutikisika. Mama Kalenga alikuwa amekaza macho, anauliza kama ndiye yeye: "Na ule mwenye kiuno kama mulango… njo miye?"

Nikaamua nitaiokoa siku kwa njia pekee ambayo mtu wa Lubumbashi haiulizii maswali: umeme ukatike. Hapa kwetu umeme ukikatika watu wanasema "eh!" na kuendelea na maisha. Nikapiga magoti, nikatambaa chini ya meza katikati ya nyaya, nikakamata waya uliokuwa karibu na kuuvuta kwa nguvu zangu zote.

Mikro ya Kambale ikafa. Feni ya padri ikafa. Friji la vinywaji likakoroma na kufa. Shuka peke yake ikaendelea kuwaka, na Papa Kalenga akafungwa la pili.

"Eh!" watu wakasema kama kawaida. Lakini yule mama wa kwaya akainua kitambaa cha meza, akanikuta pale chini nimepiga magoti, waya mkononi.

"Bantu ya Mungu, kuyeni muone!" akapiga kelele. "Kumbe mwenye kukataka umeme njo huyu!"

Nilitolewa pale chini kwa kushangiliwa. Na kwa kuwa nilipotoka niligonga meza, mchezo ukajirudisha mwanzo, na safari hii ukatangaza wachezaji mmoja mmoja, na wa kwanza ni kapteni. Mimi, nywele zinapeperuka, kifua hiki hapa, jina langu lote. Watu wakatazama shuka, wakanitazama mimi, wakatazama shuka. Kile kicheko sitakieleza. Padri mwenyewe alijificha nyuma ya kitabu cha nyimbo, mabega yanaruka.

Papa Kalenga akasimama.

"Kijana. Kuya hapa."

Nikaenda. Beatrice alikuwa amefunika uso kwa mikono miwili, na mimi nikajiambia kwaheri ndoa.

"Ni weye ulitengeneza hii?"

"Njo miye, papa."

"Kumbe njo kazi yenye unafanyaka mu nyumba siku muzima?"

Ningeweza kudanganya, lakini kwa kipi? "Njo ile, papa. Na kuuzisha unité."

Akatazama shuka. Halafu akauliza swali ambalo sikulitegemea, na sauti ilikuwa imeumia kweli: "Ju ya nini golini?"

"Papa?"

"Tumbo, sawa, ile ni yangu. Lakini goli? Miye? Mu timu ya reli nilikuwa winga ya kushoto! Balikuwa banasimamisha treni bakuye kuniona! Uliza ule muzee!" Mzee mmoja nyuma akaitikia kwa nguvu, ni kweli, alikuwa moto. "Kamata maneti. Unitoe pale, sasa hivi, bote baone."

Nikapiga magoti tena, na Papa Kalenga juu yangu anaamuru. Upande wa kushoto. Kasi, ongeza. Ongeza. Kwani umelipia? Ongeza! Nywele kidogo. Tumbo uache, bantu batanijua je? Nikamaliza, nikafikiri nimepona.

"Na ule murefu wa nywele ya malaika, umupeleke golini. Ila kwanza umufupishe."

"Umufupishe!" ukumbi mzima.

Ndugu zangu, mmewahi kujifupisha mbele ya parokia? Nilibonyeza, yule mtu mzuri akashuka kidogo. Nikabonyeza tena. Nilipofika pale nilipoona inatosha, sauti ikatoka nyuma yangu, sauti ninayoipenda kuliko zote duniani: "Bado kidogo," Beatrice akasema.

Papa Kalenga akacheza mwenyewe, maneti ameishika kama usukani wa treni, na alipofunga goli (nadhani kwa bahati, lakini sitasema hivyo mbele yake) alizunguka ukumbi mikono juu, na padri akampigia kengele ya misa. Aliporudi kuketi, jasho linamtiririka, Beatrice akamuuliza kwa woga kama présentation bado ipo.

"Nilikuwa ninaogopa muntu wa kunywa," akasema, akijipepea kwa kofia. "Huyu anabakia mu nyumba anatufikiria siye. Anatufikiria mubaya, lakini anatufikiria. Akuye kujitambulisha."

Nikataka kumkumbatia. Mama Kalenga akaniwekea mkono kifuani. "Ya papa imeisha. Ya kiuno changu iko bado. Ukikuya, kuya na mbuzi. Na isikuwe ya kukonda."

Nilienda na mbuzi. Nilimtafuta mpaka Kipushi, alikuwa mnono kuliko sisi sote, na Mama Kalenga alimzunguka akimkagua mbavu, akatoa jibu kwamba amesamehe nusu. Tumeoana sasa, na ile nusu nyingine ninailipa kila Jumapili kwa kuosha sahani kwao, mbele ya mashemeji.

Kwa hiyo sikilizeni. Ukiuza simu, ukiuza konsoli, ukiuza chochote chenye kichwa cha kukumbuka, keti mbele yake ufute mpaka yenyewe iseme imemaliza, na mnunuzi akilia matabishi, mpe kitu anachoweza kula. Na mimi nimeapa mbele ya mke wangu kwamba sitaunda tena mkwe yeyote ndani ya mashine yoyote. Hawa niliopewa, kuwapunguza au kuwaongeza si kazi yangu, na wao wananiongezea sahani kila wiki.