Mti wa Shosho Haupigwi

Mama hucheka akinisikia nikisema "enzi zetu". "Enzi gani, na juzi tu nilikuwa nakufuta kamasi?" Lakini nyinyi niliosoma nanyi shule ya msingi hapa Burat mnajua ninachosema. Kabla watoto hawajaanza kulala na simu kifuani, tulicheza bano, ule mchezo wa gololi, kwa makadamia kavu, na aliyeshindwa ndiye aliyevunja. Kuvunja ndiyo ilikuwa adhabu. Ganda lile hurudisha jiwe, vidole vinavimba, halafu kokwa yenyewe inarukia kwa kuku.

Mti ulikuwa wa Shosho, mama yake Baba. Aliuleta kutoka Meru ukiwa mche ndani ya mkebe, watu wakamwambia hautaweza jua la huku. Akaulea kwa maji ya kuoshea mboga. Alitufundisha kuutambua kwa kuangalia kifundo cha tawi: majani yakitoka matatu matatu, hiyo ni ile tamu yenye ganda laini, yakitoka manne manne, ganda litakuwa na vipele. Rafiki yangu Kulla, mjukuu wa jirani yetu Mborana, alishika somo hilo hadi akawa anahesabu majani ya mwarobaini.

Lakini sheria kubwa ilikuwa moja. Makadamia haichumwi wala haipigwi, inajiangusha. "Ukiitoa kwa nguvu," Shosho alisema, "inakuja na maji ndani, haina mafuta."

Mwaka ule wa ukame mfereji ulikauka na mahindi yakafa yakiwa yamesimama. Mti nao, kwa mara ya kwanza, ukajaa matawi yote. Ndipo Shosho akaitwa Meru kumzika dada yake. Kabla ya kuondoka alinishika sikio. "Usikubali mtu apige mti wangu." Mimi! Mimi niliyejificha nyuma ya jikoni wageni wakija, niliyemjibu mwalimu kwa kutikisa kichwa.

Kesho yake Baba akaja na broka, mnunuzi wa makadamia, na ufito mrefu wa kupigia. Pikapu ilisimama kando ya ua, imejaa makadamia mbichi za majirani.

"Mzee, pia zako ziko tayari," broka akasema. "Na kama hazina kitu, si ukate huu mti upande kitunguu?"

"Zikiwa bure nautoa leo leo," Baba akajibu. "Umekunywa maji ya kutosha."

Kulla akanisukuma. "Sema!"

"Sema wewe."

"Kwani ni mti wa kwetu?"

Baba akainua mikono, akapiga. Makadamia zikamwagika chini kama mvua ya mawe.

Niliokota moja, nikauma ganda la nje la kijani. Lilikuwa chungu, ulimi ukakauka. Shosho alisema iliyokomaa, ganda hilo kwa ndani huwa kahawia kama majani ya chai. Hii ilikuwa nyeupe kama meno. Nikatembea hadi kwa Baba, nikaiweka mkononi mwake, nikaangalia miguu yangu.

Broka akacheka. "Kumbe hapa boss ni mtoto?"

Baba hakucheka. Nilingoja kofi. Aliinama, akapasua nyingine. Nyeupe. Akapasua nyingine tena.

"Hazijakomaa," akasema. "Ondoa gari."

"Mzee, utanitafuta."

"Nimesema ondoa gari."

Halafu akageuka kwangu. "Mvua ikinyesha na hakuna iliyojiangusha, mti huu ni wa panga."

Shosho akarudi, akaokota matawi yaliyovunjika, akayapeleka jikoni. Mawingu yakaanza kukusanyika upande wa Meru. Baba akanoa panga akiwa amekaa mlangoni, pole pole, huku sisi tukinywa uji.

Asubuhi moja kabla mvua haijanyesha, nikivaa soksi za shule, nikasikia *ko!* kwenye mabati ya banda la kuku. Nikasimama na soksi moja. *Ko! Ko!* Baba akatoka na mswaki mdomoni. Niliokota, nikauma. Kahawia! Shosho aliendelea kupepeta maharagwe kama mtu asiyesikia, lakini mabega yake yalikuwa yanacheka.

Siku hizi hakuna anayengoja. Wezi wanachuma mapema, kwa hiyo wenye miti wanawawahi kwa kuchuma mapema zaidi. Ndugu yangu mdogo aliniuliza kama makadamia hutoka supermaketi, na ameegemea mti wenyewe, macho kwenye simu. Shosho naye amezikwa pale karibu na ua.

Wiki iliyopita majirani wote walikuwa wameshauza. Nilikuwa naosha sufuria Baba alipochukua ule ufito mrefu nyuma ya jikoni. Akasimama chini ya makadamia. Bila kugeuka, alinyoosha tu kiganja kwa nyuma, kitupu.

Nikajifuta mikono, nikaangua moja kwenye tawi la chini, nikapasua ganda la kijani kwa meno, nikamwekea.

Nyeupe.

Akarudisha ufito mahali pake. Tangu hapo naamka kabla ya simu kulia, nasikiliza mabati ya kuku. Kimya bado.