Kamba ya Jenereta Niliyoisuka Mwenyewe

Mwaka 2015 nilikuwa na saluni mtaa wa La Rochelle, Johannesburg, chumba kimoja cha kupanga chenye viti viwili, draya moja, na jenereta iliyokaa uani kwa ajili ya mgao wa umeme. Jenereta ilikuwa yangu, ila mkono wa kuiwasha ulikuwa wa mume wangu. Alikuwa mlinzi wa usiku, kwa hiyo mchana alikuwepo. Umeme ukikatika anavuta kamba mara moja tu, mashine inanguruma, naye anarudi ndani akijifuta mikono kama daktari aliyetoka kupasua mtu.

Jumamosi moja akasema mbele ya wateja kwamba bila mkono wake mimi nasuka gizani. Wateja wakacheka. Nami, mwenye mdomo usio na breki, nikamwambia asiitaje wala asiiguse jenereta yangu tena maisha yake yote. Tukanuniana. Nyumbani tukawa tunasemezana kupitia binti yetu, aliyezaliwa hukuhuku Johannesburg, anayeelewa Kiswahili chetu cha Lubumbashi lakini hakisemi.

"Ambia papa yako chakula iko ku meza," nilikuwa nasema, na papa mwenyewe amekaa mbele yangu.

Mtoto anatafsiri kwa Kiingereza huku akipandisha macho juu. Niliapa kwamba atakayeanza kusema ni yeye, si mimi. Lakini usiku, akishaondoka kwenda kazini, nilikuwa nakaa kitandani naogopa kwamba tutazoea.

Wiki ile umeme haukukatika mpaka Ijumaa, na Ijumaa ndiyo siku waliyombadilishia zamu akaenda kazini mchana. Ndiyo siku pia aliyokuja bibi harusi mmoja Mtanzania, ndoa yake kesho yake. Nilikuwa nimemaliza kumwosha nywele, bado zinachuruzika maji, taa zikazimika.

"Dada, sasa tutafanyaje?"

"Usihofu, jenereta ninayo."

Nikatoka uani, nikaikanyaga mashine mguu mmoja, nikavuta kwa hasira za wiki nzima. Kamba ikakatika. Nikajikuta nimekaa kwenye simenti, kishikio mkononi.

Mtu mwenye akili angepiga simu. Mimi nilichukua bisibisi. Nilifungua kifuniko cha stata, pale kamba ya kuwashia inapotokea, nikakuta kapi ambalo kamba huzungushwa, na kwa kuwa niliona linanizibia njia, nikaling'oa. Chini yake kulikuwa na springi iliyojikunja. Ikaruka, ikapita kando ya sikio langu, ikajitandaza uani. Bibi harusi alichungulia dirishani, taulo kichwani, akauliza kama hiyo ni kawaida. Nikamjibu kwamba ndivyo zinavyofanya zote.

Kuirudisha springi nilitumia vibanio vya nywele, nakunja kidogo, nabana, nakunja tena. Kamba mpya sikuwa nayo, lakini rasta nilikuwa nazo tele, zile za rangi ya damu ya mzee ambazo hakuna mteja aliyezitaka. Nikasuka msuko mmoja mnene, nikaukaza kama wa mteja anayetaka ukae miezi, nikachoma ncha kwa kiberiti, nikaufunga kwenye kapi na kwenye kishikio. Kusema kweli ulitoka vizuri mno, hata nikataka kuupiga picha.

Springi, kumbe, nilikuwa nimeikunja kinyume. Kila nikivuta, kamba inabaki nje, inabidi nifungue kifuniko, niirudishe kwenye kapi kwa mkono, nifunge tena, huku bibi harusi akianza kupiga chafya. Nilivuta mpaka bega likaniuma. Halafu jenereta ikanguruma! Bibi harusi akapiga vigelegele, nikamkalisha chini ya draya, nikarudi uani kuitazama tena.

Furaha ilinipanda kichwani. Kulikuwa na mtu mmoja tu niliyetaka ausikie mngurumo ule. Nikampigia, nikaielekeza simu kwenye jenereta.

"Unasikia?" nikapiga kelele. "Unasikia mukono ya nani?"

"Nasikia, mama," akasema, kwa sauti yake ya siku zote. Hapo ndipo nilipotambua ni nani aliyeanza kusema. "Ulifunga ile ya mupya?"

"Mupya gani?"

"Stata ya mupya. Iko mu mufuko nyeusi, pale unawekaka viatu vya kanisa. Ile Jumamosi niliona kamba inaanza kukatika. Jumatatu nikanunua ingine."

"Na haukuniambia?"

"Ulisema nisitaje, nisiguse. Hata kumutuma mutoto niliogopa."

Nilikaa tena pale kwenye simenti. Nilicheka, kisha nikalia, na bibi harusi akaniuliza kupitia dirishani kama ni moshi. Nikasema ndiyo, ni moshi. Nikairudisha simu sikioni.

"Rudia ku nyumba mapema," nikamwambia. "Na ukifika, uniambie wewe mwenyewe, bila kumutuma mutoto."