Papa Nzabandora Ndani ya Sinema

“Papa Nzabandora, kwa nini ulikubali?”

Nilimuuliza hivyo mwaka 1953, nikiwa na miaka kumi, mlangoni mwa darasa ambamo tulikuwa tumetoka kumwona kwenye sinema. Alitema mate pembeni, akashika njia ya shambani.

Kabla ya mambo ya sinema, Papa, jirani yetu, alikuwa mpiga inanga, ule ubao mrefu uliochimbwa katikati na kufungwa nyuzi nane. Alilima maharagwe kama sisi wote, lakini wafugaji wa Kirolirwe walimwita aje kusifu ng'ombe zao. Alikaa chini kwenye mkeka, inanga mapajani, mwenye ng'ombe akamkabili, na hakuna mtu aliyepita kati yao mpaka wimbo uishe. Aliimba karibu kwa kunong'ona, akitaja kila ng'ombe kwa jina lake. Niliwahi kuona mzee mzima akilia kwa sababu ng'ombe wake ametajwa. Ng'ombe! Nilishangaa mpaka nikasahau kufunga mdomo.

Kisha akaja Mzungu mmoja na camion, yaani lori, na kamera yake. Sinema ya kwanza, alimwambia Papa avue koti lake la Misa, avae ngozi ya mbuzi. Akavua. Ya pili, walimpaka majivu usoni. Akatulia apakwe. Ya tatu, wakamwambia asimame, aweke inanga juu ya kichwa, aruke. Inanga juu ya kichwa, kama mzigo wa kuni! Naye akaruka.

Hiyo ya tatu ndiyo waliyotuonyesha shuleni mchana, madirisha yamezibwa kwa mablanketi, watoto mbele, wazazi nyuma. Papa aliruka kwenye shuka nyeupe, meno nje, majivu yakimchuruzika pamoja na jasho. Na sauti haikuwa yake! Walikuwa wameweka ngoma za watu wengine, sijui wa wapi. Watoto walicheka mpaka wakaanguka kwenye mabenchi. Mimi niligeuka nyuma, nikamtafuta Papa kati ya wazazi.

Mablanketi yalipoondolewa, Hakorimana, mfugaji ambaye kesho yake Papa alikuwa aende kumwimbia, alisimama.

“Nzabandora, kesho usikuje.”

“Kaka, ile iko sinema tu.”

“Ngombe yangu haitaimbwa na muntu anaruka kama chura. Kwenda uimbie ile shuka!”

Mama Mukasine, mke wa Papa, naye akaongeza: “Na ile ngozi utaitupa lini? Inanuka mu nyumba yangu!”

Tangu siku ile hakuna mfugaji aliyemwita tena. Nilidhani amejifunza. Lakini mwaka uliofuata camion ilirudi, na Papa akaenda bila kuitwa, majivu amejipaka mwenyewe nyumbani. Alipita mbele ya shule hivyo hivyo. Nilichukia hata kumsalimia.

Mwaka 1958 nilirudi likizo kutoka sekondari, nikamkuta akipalilia maharagwe. Nilitaka kupita kimya. Ni yeye aliyesimamisha jembe.

“Wewe uliniuliza neno siku ile. Sikiliza. Wafugaji, nikimaliza kuimba, walinipa pombe, njo basi, niende. Yule Muzungu, nikimaliza, alikuwa anapiga kelele: ‘Encore! Encore!’ Rudilia, rudilia! Mu maisha yangu yote hakuna muntu aliniomba nirudilie wimbo. Nilikuja kujua nyuma yake kama ni mashini yake ya sinema njo ilikuwa inakwama.”