Kiti cha Naibu Waziri Pale Ikola

Miaka sita sikukanyaga Ikola, na sababu yake ina jina: Gervas Malando. Boti yake ndiyo ilituzamisha ziwani, magunia ya dagaa chini, watu juu ya magunia. Mimi nilishika dumu tupu la mafuta nikatoka. Mdogo wangu Kabula hakutoka. Kamati ya mwalo, pale boti zinapotia nanga, ikaandika ni upepo. Aliyeshika kalamu ni Tegemeo, shemeji yake Gervas, nalitaja jina ili msihangaike kuuliza. Na kwa kuwa hakukuwa na orodha ya abiria, kwenye karatasi za Ikola Kabula hakuwahi hata kupanda boti.

Basi Neema, binti wa kaka yangu anayekalimania wageni, akanipigia simu.

"Shangazi, panga nguo. Kuna mama wa Norwe anakuja Ikola, alikuwa naibu waziri wa uvuvi kwao. Siku hiyohiyo kuna mkutano wa kijiji. Gervas anaomba boti yake mpya iruhusiwe kupakia abiria."

Nikamwambia siendi. Kesho yake nikafunga mzigo.

Saa kumi na mbili asubuhi nilitoka kwetu Misunkumilo, Mpanda, na fuso la Shija linalokwenda kubeba dagaa. Nilikaa mbele kama bibi harusi. Shija ni Msukuma mwenzangu, anaendesha kwa mdomo kuliko usukani.

"Dada, ukimwona huyo waziri mwambie barabara."

"Yeye waziri wa samaki, barabara inamhusu nini?"

"Samaki anafikaje Mpanda? Anatembea?"

Njiani, Kasekese, tulinywa chai na mihogo. Mwenye mgahawa alinipunja kachumbari, namsamehe. Baada ya hapo ni mteremko, na ziwa likajitokeza kama bati jipya. Nikaligeuzia uso. Shija aliliona hilo, akaanza kuimba vibaya makusudi mpaka nikacheka.

Ikola tulifika saa sita, harufu ya dagaa ikatupokea kabla ya watu. Chini ya turubai waliweka viti vya plastiki, mabenchi ya shule, na katikati kiti kimoja kikubwa cha mbao chenye mto na kitambaa cha kufuma. Kiti cha Gervas mwenyewe, kimeletwa kwa toroli. Mbuzi pia wake. Alitaka waziri akikaa hapo, apige naye picha, kijiji kione aibu kumkatalia.

Mgeni akaja, jina lake Ragna, mama mrefu wa makamo, kandambili miguuni, pua nyekundu kwa jua. Alitoka kukagua chanja za kuanikia dagaa. Akasema kwao nao huanika samaki juu ya miti, ila samaki wenyewe ni wakubwa kama mtoto wa miaka mitatu. Wanawake wakapiga vigelegele.

Mtendaji wa kijiji, Bwana Lameki, akamkaribisha: "Mheshimiwa Naibu Waziri!"

Neema akakalimani jibu: "Anasema asante, ila uwaziri uliisha zamani. Alianza udiwani, akawa mbunge, akawa naibu waziri. Sasa ni diwani tena, kijijini kwao."

Minong'ono ikapita kama moto wa nyasi.

"Diwani? Kashushwa!"

"Kafanya nini huyo?"

"Muone alivyo mpole. Kala hela za samaki."

Kwetu mtu hapandi mpaka uwaziri halafu akarudi kugombania bomba la maji la kata, labda awe amefumaniwa na jambo. Gervas alinuna. Mbuzi wake keshachinjwa! Ragna alipokuwa bado anasalimia watu, Gervas akasogea, akakalia kiti chake mwenyewe, akakunja nne.

Mgeni hata hakushtuka. Akaja kukaa kwenye benchi la wanawake, ubavuni kwangu, akaniomba nisogee kidogo.

Nikamuuliza kupitia Neema, maana mimi sijui kufichaficha: "Wewe, kweli hukuiba?"

Alicheka mpaka benchi likatikisika. "Sikuiba. Nilishindwa uchaguzi. Lakini nilirudi kwa sababu ya feri."

Akanieleza. Aliingia udiwani akiwa msichana kwa sababu feri ya kisiwa chao ilipakia watu bila kuwaandika. Akiwa mkubwa serikalini alisaidia kutunga sheria, akaridhika. Aliporudi nyumbani, feri ileile, hakuna anayeandika.

"Mama muuza duka alikataa kuniuzia kahawa," akasema. "Aliniambia sheria yako iko mjini, sisi tuko gatini. Kesho yake nikachukua fomu ya udiwani."

Nikajiuliza mimi nilisubiri nani miaka sita.

Ombi la Gervas lilipofika, nikasimama. "Mimi ni Nyamizi wa Misunkumilo. Nataka kuuliza. Ile boti ya kwanza ilibeba watu wangapi?"

Gervas akageuza shingo. "Muulizeni Tegemeo."

Bwana Lameki akavua miwani. "Ndugu Malando, hapa Ikola, aliyekaa kiti cha mgeni ndiye anayejibu mkutano. Sisi hatukukuweka hapo."

Watu wakaangua kicheko. Mzee mmoja akapaza sauti: "Jibu, Mheshimiwa Waziri!"

Akajaribu kuinuka, akaona ataonekana anakimbia. Akakaa. Jasho likaloanisha kitambaa cha kufuma.

"Sijui walikuwa wangapi," akasema mwishowe. "Hatukuwaandika. Na tulijaza, kweli."

Hapo hakuna aliyecheka. Tegemeo aliangalia ndala zake. Mikono ikanyooshwa: hakuna boti kung'oa nanga, mpya wala ya zamani, mpaka mtendaji aandike kila abiria. Nyama ya mbuzi tuliila yote, na ilikuwa laini, siwezi kumnyima Gervas sifa hiyo.

Asubuhi yake, kabla ya kuondoka, nilishuka mwaloni. Bwana Lameki alikuwa na daftari jipya, ukurasa mweupe.

"Anza na Kabula," nikamwambia.

"Mama, daftari hili ni la wanaopanda."

"Na yeye alipanda."

Alinitazama, akaangalia ziwa, akaandika. Ragna alikuwa nyuma ya Kabula, wa pili kwenye foleni, anakwenda Karema kwa boti. Alingoja zamu yake.

Mchana nilikuwa Misunkumilo, nanuka dagaa. Majirani wakanizunguka: waziri kakupa nini? Nikawaambia sikumwona waziri. Nilikaa benchi moja na diwani, na nimejifunza kusimama nikauliza. Mwakani viti maalumu vya mtaa wetu msivigombanie sana. Fomu naichukua mimi.