Siku Niliyoitwa Chifu

Mimi si mtu wa vitabu. Shule niliiacha darasa la tatu, na mpaka leo karatasi naisoma kwa kidole, neno moja moja, kama anayechambua mchele. Kwa hiyo mtu asidhani nilikwenda kukitafuta kitabu hiki. Kilinifuata nyumbani.

Nilikuwa na mpangaji hapa Ujiji, mtumishi wa serikali kutoka Mbeya. Alipohamishwa aliniachia ndoo mbili, ufagio na boksi la makaratasi. Nikalipeleka jikoni, makaratasi yanisaidie kuwashia moto. Asubuhi moja nikachomoa kitabu kisicho na jalada, nikachana kurasa mbili za mwanzo, moto ukashika. Ya tatu nikaitupia jicho. Palikuwa na chifu amekalia chemchemi ya kijiji. Yeye ndiye anayesema nani achote asubuhi maji yakiwa safi, na nani achote jioni yakiwa tope. Chai ilichemka ikamwagika yote, mimi bado nipo ukurasa uleule.

Kitabu kilinijia wakati mzuri, maana nilikuwa na hasira. Mimi ni mwenyekiti wa kikundi cha akina mama tunaokausha dagaa ufukweni, tangu enzi za kuanika mchangani, kabla hatujapata vichanja vya waya. Wiki ile tulikwenda mkutano wa mtaa na neno letu moja tu: choo cha ufukweni kimejaa. Tulilipanga vizuri. Mwenyekiti wa mtaa akauliza, "Akina mama, mna la kusema?" Wote wakainama wakawa wanatazama kanga zao kama wamezinunua jana. Nikasema mimi, peke yangu. Tulipotoka nje, kila mmoja anaongea.

Nikawaambia, "Nyie vipi? Mnamwogopa mtu mliyemjua anavaa kaptula iliyotoboka?"

"Hatumwogopi, Bibi. Tunamheshimu."

"Haya. Heshima yenu ikazibue choo."

Ndiyo maana nilikichukua kile kitabu nikaenda nacho ufukweni. Niliona kitawafundisha kumsemesha mkubwa.

Kazi yetu ina muda wa kusikiliza. Dagaa wanaletwa asubuhi, tunawaosha, tunawamwaga kwenye vichanja, halafu ni kugeuza na kufukuza kunguru. Msomaji wetu alikuwa mama mmoja wa Bangwe aliyefika kidato cha pili, mwenye sauti ya kuita mtumbwi urudi. Alikaa juu ya ndoo iliyopinduliwa, akasoma. Chifu alimtolea sauti nzito, askari wake akawatolea ya puani. Kunguru walikula sana wiki ile.

Na mabishano! Mama mmoja mnene wa hapa hapa Ujiji alimtetea chifu tangu siku ya kwanza. "Mwacheni mzee wa watu. Bila yeye si wangepigana na ndoo?"

"Wewe ungekuwa mke wake wa nne," akajibiwa.

"Wa kwanza! Maji ya asubuhi yote yangekuwa yangu."

Waliyempenda ni mjane mmoja wa humo kitabuni. Huyo hakuwa na maneno. Kila alfajiri aliweka mtungi wake mbele kabisa. Askari wanaubeba, wanaupeleka nyuma. Kesho yake upo mbele tena. Akina mama walimpigia makofi, na mimi nilipiga kuliko wote. Nikasema, "Mmeona? Hivyo ndivyo mkubwa anavyoambiwa."

Sasa nieleze jinsi vichanja vyetu vilivyokaa. Vimepangwa mstari kutoka majini kwenda mlimani. Kwetu jua linatokea nyuma ya mlima. Kilicho karibu na maji kinapata jua mapema, na kilicho chini ya mlima kinakaa kivulini mpaka karibu saa nne. Dagaa wa huko wanachelewa kukauka, na wachuuzi hawasubiri, wakishajaza magunia wanaondoka. Nani aanike wapi nilipanga mimi: aliyetangulia kujiunga akae karibu na maji. Changu kilikuwa cha kwanza. Cha mwisho nilimpa mama mmoja wa Simbo, mpole, aliyetukuta baadaye. Nilipanga mara moja, nikaona ni utaratibu, sikulifikiria tena.

Asubuhi moja nakuta beseni la dagaa juu ya kichanja changu. Nalijua, la mama wa Simbo. Nikasema kakosea, nikalibeba mpaka kule mlimani, nikarudi nikamwaga wangu. Kesho yake beseni lipo palepale. Nikalibeba tena, huku nanung'unika. Siku ya tatu nimelishika mikono miwili, nasikia vicheko nyuma yangu.

"Mnacheka nini?"

Mama wa Bangwe akajifanya anafunua kitabu. "Bibi, hivi jana tuliishia wapi? Pale askari anapobeba mtungi?"

Yule mnene akaangua kicheko mpaka akakaa chini mchangani. Nikaliweka beseni chini. Nikamwita mwenye nalo.

"Shikamoo, Bibi."

"Marahaba. Beseni lako linafanya nini kwangu?"

"Linatafuta jua, Bibi."

"Si una kichanja chako?"

"Ninacho. Misimu minne naanika kivulini. Jua likinifikia, wachuuzi wameshapakia. Dagaa nakula mimi na wanangu mpaka wanaukimbia ugali."

"Misimu minne! Mbona hukusema?"

Akanitazama, hana hata uso wa kugomba. "Ningemwambia nani, Bibi? Mwenyekiti ni wewe."

Nikafanya jambo la kipumbavu. Nikamnyang'anya mama wa Bangwe kitabu nikasema, "Leo hakuna kusoma! Kitabu kimewaharibu." Nikakiweka mchangani, na kwa kuwa sikuwa na kigoda, nikakikalia.

Kisha yule mnene, mtetezi wa chifu, akasema taratibu, "Jamani. Amekalia chemchemi."

Nilijizuia. Wallahi nilijizuia kwa nguvu zangu zote, nikauma ncha ya kanga. Haikusaidia. Nilicheka mpaka machozi, na wao wakacheka, na mama wa Simbo akacheka kwa mara ya kwanza tangu nimjue. Kunguru hao, wametua kwenye kila kichanja.

Tulipomaliza kuwafukuza nikasema: kuanzia kesho ni zamu, kila wiki kila mtu anasogea kichanja kimoja kwenda majini, na aliye majini anahamia mlimani. Mama wa Bangwe akauliza, "Na wewe?" Nikamwambia, "Mimi nipo majini. Kwa hiyo ni nani anayehamia?" Wakapiga vigelegele. Sikupenda, lakini nilisema.

Mama wa Simbo nilimpa changu bila kusubiri zamu. Deni la misimu minne. Na mkutano wa mtaa uliofuata, aliyesimama kudai choo alikuwa yeye. Alisema kwa sauti ndogo, lakini hakukaa mpaka alipoambiwa siku ya kuja kuzibua. Wakaja.

Mimi nilianza zamu yangu chini ya mlima. Kule ni baridi, sitii chumvi. Dagaa wangu walikuwa bado wanang'aa maji wenzangu wakigeuza wao. Kibaya zaidi, kitabu kilikuwa kinasomwa kule mbele juani, na tumekaribia mwisho, nataka kujua chifu wamemfanya nini, nasikia upepo tu.

Nikasimama juu ya jiwe nikapiga kelele, "Wewe wa Bangwe! Paza sauti! Na huku kuna watu!"

"Ego, Chifu!" wakaitikia wote kwa pamoja, ile "ndiyo" ya Kiha, na mama wa Simbo ndiye aliyeibeba ndoo ya msomaji akaisogeza katikati ya mstari.